Kisiwa cha Adui

Sisi watu wa visiwani tunayo sababu yetu ya kuzitazama picha za sinema za jasusi James Bond, mbali na bastola na magari ya fahari. Tangu ya kwanza, Dr. No, adui wa ulimwengu hupewa mara kwa mara kisiwa kiwe ngome yake.

Picha hiyo ilipigwa Jamaika mapema mwaka 1962. Mwezi Agosti nchi hiyo ikajipatia uhuru. Ndani yake yumo Quarrel, nahodha kutoka visiwa vya Cayman, aijuaye bahari kuliko wageni wote. Bond humtuma viatu vyake kama mtumishi. Kisha nahodha huyo, akiisha kuwavusha wenziwe, anateketezwa na “joka”, ambalo kumbe ni gari lenye kutema moto. Hadithi haikawii kumlilia; yaendelea na safari yake.

Sean Connery akamwachia nafasi Roger Moore, wakafuata wengine. Vita Baridi navyo vikaisha. Katika picha ya 25, No Time to Die, ya mwaka 2021, Bond amestaafu na kukaa Jamaika, na namba 007 imeshikwa na mwanamke, Nomi. Aliyemwigiza ni Lashana Lynch, mzaliwa wa London mwenye asili ya Jamaika. Kutoka kuagizwa viatu hadi kushika namba ni miaka 59. Hata hivyo tusishangilie mno: Nomi mwenyewe aomba namba irudishiwe Bond, na adui, kama kawaida, yuko kisiwani.

Lakini kisiwa hubaki pale pale wapiga picha wakiisha kuondoka. Wakuu wenye kutoa vibali watazame Khao Phing Kan, nchini Thailand, palipofanywa makao ya adui katika The Man with the Golden Gun, mwaka 1974. Watalii wakafurika. Mbele yake limesimama majini jiwe la chokaa liitwalo Ko Tapu, maana yake kisiwa cha msumari, jembamba chini na pana juu. Tangu mwaka 1998 mashua za watalii zimekatazwa kulikaribia, kwa kuhofia lisimomonyoke. Nacho kisiwa, ambacho kina jina lake tangu zamani, wageni hukiita Kisiwa cha James Bond.