Je, Wajua? Masala ya Chai ya Kutunza

Je, wajua kwamba karafuu ni tumba la ua, lililochumwa kabla halijachanua, likaanikwa juani? Ukitaka kumtunza mtu masala ya chai sikukuu hii, iwe Idi au Krismasi, chukua iliki vijiko 4, mdalasini na tangawizi kavu 2 kila kimoja, pilipili manga 1. Karafuu nusu tu! Ikizidi, chai inanuka dawa ya jino, na si bure: mafuta yake kweli hutia ganzi ufizi. Maganda ya iliki usiyatupe, yasage humo humo. Kaanga viungo vyote bila mafuta, moto mdogo, hadi jiko linukie. Acha vipoe kabisa, ndipo usage na kutia chupani; unga wa moto ukifungiwa chupani hutoa jasho, ukashikana mabonge.