Bomu Lililopasuka Mahali Pasipo Watu

Jumapili moja baada ya Misa ya pili, mzee mmoja wa hapa kwetu Majengo, Mpanda, alinifuata katika ofisi ya parokia. Nilidhani amekuja kulipa zaka au kuandikisha ubatizo wa mjukuu. Kumbe alikuwa na jambo alilolisikia redioni. Baada ya kuitikia shikamoo yangu akasema, "Mwanangu, wakubwa wa dunia wanabishana juu ya bomu la kupasulia angani. Sasa ubaya wake nini? Huko juu hakuna kijiji. Heri wapasue huko kuliko hapa chini penye watoto."

Neno lake lina akili. Hata mimi, kabla ya kuzisoma habari hizi, ningalisema vivyo hivyo. Lakini jambo hilo limekwisha kufanyika zamani, na yaliyotokea yanajulikana.

Siku ya Jumatatu, tarehe 9 Julai 1962, siku mbili tu baada ya Saba Saba, saa sita mchana kwa saa zetu, Wamarekani walipasua bomu la nyuklia juu ya Bahari ya Pasifiki, karibu na kisiwa kidogo kiitwacho Johnston. Jaribio hilo waliliita Starfish Prime. Roketi ilipeleka bomu hadi kimo cha kilomita 400. Huo ni mwendo kama wa kutoka Mpanda hadi Mbeya kwa njia ya ndege, ila kwenda juu. Nguvu yake ilikuwa zaidi ya mara 90 ya bomu lililoteketeza mji wa Hiroshima mwaka 1945. Wakati huo Tanganyika ilikuwa haijatimiza mwaka mmoja tangu ipate Uhuru.

Visiwa vya Hawaii viko mbali na mahali pale, yapata kilomita 1,400. Wewe uliye Mpanda, fikiri moto uliopasuka ng'ambo ya Unguja, ndani kabisa ya Bahari ya Hindi. Huko Hawaii ilikuwa usiku, saa tano. Watu waliona mbingu ikiangaza ghafula, kisha ikageuka rangi, wala hawakusikia kishindo. Dakika ile ile taa za barabarani zipatazo 300 zikazimika katika kisiwa cha Oahu. Kengele za kuzuia wezi zikalia zenyewe, na mawasiliano ya simu kati ya visiwa yakaharibika.

Sasa utauliza, moto wa mbali namna ile umezimaje taa? Sikiliza. Bomu likipasuka hapa chini, hewa husukumwa kwa nguvu, nayo ndiyo inayobomoa nyumba. Juu kule hakuna hewa ya kusukumwa. Basi nguvu hutoka kwa namna ya mionzi, ikiwamo ile iitwayo mionzi ya gama. Mionzi hiyo ikishuka na kugonga tabaka za juu za hewa, hung'oa chembe ndogo sana za umeme, elektroni. Na kwa kuwa dunia yetu ni kama sumaku kubwa, chembe hizo hupindishwa njia zote kwa pamoja, na hapo huzaliwa wimbi moja la umeme lenye kufika mbali mno. Umepata kusikiliza redio wakati radi inapopiga upande wa Karema. Radi iko mbali, mvua haijafika kwako, lakini redio inakwaruza. Wimbi la bomu ni jamaa ya mkwaruzo huo, ila lina nguvu isiyo na kifani, na waya mrefu hulipokea kama vile mfereji unavyopokea maji ya mvua. Mwili wa mtu hausikii kitu. Mtambo ndio unaougua.

Warusi nao walijaribu. Tarehe 22 Oktoba 1962 walipasua bomu juu ya nchi ya Kazakhstan, kwa kimo cha kilomita 290 hivi, na waya wa simu wa kilomita 570 ukaunguzwa fyuzi zake. Nayo ilikuwa juma lile lile ambalo dunia ilishika roho mkononi kwa ajili ya makombora ya Kuba.

Lakini taa hutengenezwa, na fyuzi hubadilishwa. Madhara ya pili yalidumu zaidi. Chembe nyingi za bomu la Julai zilinaswa na sumaku ya dunia, zikabaki zikizunguka huko juu kama nyuki waliovurugiwa mzinga, nyingine kwa miaka. Setilaiti, yaani vile vyombo vinavyoizunguka dunia, zilikuwa chache siku zile, na theluthi moja hivi ya zile za karibu na dunia ziliharibika. Ariel 1 ya Waingereza ilikuwa mojawapo. Telstar ya Wamarekani, iliyopaa siku moja tu baada ya bomu, ilinyamaza mwezi wa Novemba. Waliofanya jaribio waliharibu mali ya rafiki zao na yao wenyewe.

Na hapo ndipo habari hii inapofika pwani yetu. Huko Tunguu, Unguja, Wamarekani walikuwa na kituo cha kuongea na wanaanga wao. John Glenn alipoizunguka dunia tarehe 20 Februari 1962 alizungumza na kituo hicho. Watu wengi wa Unguja hawakukipenda. Walishuku kwamba ni kambi ya makombora. Ikaja zamu ya Walter Schirra, tarehe 3 Oktoba 1962, miezi mitatu baada ya bomu. Safari hii wakuu wake walikuwa na hofu ya mionzi waliyoitia wenyewe njiani. Wakamtilia chomboni vipimo vya mionzi. Akazunguka mara sita, akarudi salama, na vipimo vikaonyesha kwamba amepata mionzi kidogo tu. Mwaka 1964, baada ya Mapinduzi, kituo cha Tunguu kilifungwa na Wamarekani wakaondoka.

Miezi hiyo Kanisa nalo halikulala. Tarehe 11 Oktoba 1962 Baba Mtakatifu Yohane XXIII alifungua Mtaguso wa Pili wa Vatikano, na Kardinali wetu Laurian Rugambwa akiwamo miongoni mwa mababa wa Mtaguso. Aprili 1963, akiwa mgonjwa karibu ya kufa, Baba Mtakatifu alitoa waraka wa Pacem in Terris, akidai silaha za nyuklia zipigwe marufuku. Mwezi wa Agosti mwaka huo huo Marekani, Uingereza na Urusi ziliweka sahihi huko Moscow mkataba wa kukataza majaribio hewani, angani na chini ya bahari. Tanganyika ilitia sahihi mwaka ule ule. Mwaka 1967 mkataba mwingine ukakataza kuweka silaha za nyuklia katika mzunguko wa dunia.

Nilipofika hapo mzee akanikatiza. "Kama walikwisha kukataza, redio inasema nini tena?" Nikamweleza kwamba Februari 2024 Wamarekani walitangaza kuwa Urusi inatengeneza silaha ya nyuklia ya kuharibu setilaiti, Warusi wakakana. Tarehe 24 Aprili 2024 Baraza la Usalama la Umoja wa Mataifa lilipigia kura azimio la kuzikumbusha nchi zote ahadi ya 1967. Nchi 13 zilikubali, jirani yetu Msumbiji ikiwamo. China haikukataa wala kukubali. Urusi ikalikataa kwa kura yake ya turufu, na azimio likaanguka.

Siku hizi setilaiti ni maelfu. Zinaongoza ndege na meli, zinatazama mawingu kabla ya masika, zinapeleka habari mpaka penye mashamba yasiyo na njia ya gari. Mzee alitoa simu yake mfukoni, ile ndogo ya vibonye, anayopokelea fedha kutoka kwa mwanawe aliyeko Dar es Salaam. Akaigeuzageuza kiganjani.

"Kumbe nami nina kitu huko juu," akasema. Kisha akaniuliza zaka yake ya mwezi uliopita imeandikwa au bado.