Balenciaga: Nyumba ya mitindo iliyokufa ikafufuka, na funzo lake kwa mafundi wa Ukonga

NI jina linalosomeka kwenye fulana, kofia na raba zinazotandazwa kando ya Barabara ya Nyerere, kuanzia Banana hadi Gongo la Mboto, na mara nyingine huibuka marobota ya mitumba yanapofunguliwa. Jina hilo ni Balenciaga. Vijana wengi wa Ukonga na vitongoji vyake wanalifahamu, ingawa bei ya bidhaa nyingi zinazolibeba mitaani inatosha kumweleza mnunuzi kuwa hazikutoka Paris.

Jambo lisilofahamika kwa wengi ni kwamba nyumba hiyo ya mitindo iliwahi kufa. Mwaka 1968 milango yake ilifungwa na wafanyakazi wakatawanyika. Mwanzilishi wake alifariki dunia miaka minne baadaye bila kuifungua tena. Karibu miaka 20 ilipita kabla nguo mpya zenye jina hilo hazijaonekana, na leo ni miongoni mwa majina ya mavazi yanayotajwa zaidi duniani.

Nyumba iliyokufa hufufukaje? Jibu la swali hilo lina manufaa hata kwa fundi cherehani wa Ukonga, ambaye kazi yake yote ya miaka 30 inaweza kutoweka siku anapofunga kibanda chake.

Mtoto wa mshonaji

Cristóbal Balenciaga hakuwa Mfaransa. Alizaliwa Januari 21, 1895, katika mji mdogo wa wavuvi wa Getaria, kaskazini mwa Hispania. Mama yake alikuwa mshonaji wa nguo, na kijana huyo alijifunza sindano akiwa bado mtoto. Mwanamke mmoja wa ukoo wa kikabaila aliyekuwa na makazi mjini hapo alikiona kipaji chake na kumsaidia kupata mafunzo ya kazi.

Mwaka 1917 alifungua duka lake la ushonaji katika mji wa San Sebastián, na baadaye akawa na matawi Madrid na Barcelona. Vita vya wenyewe kwa wenyewe vilivyoanza Hispania mwaka 1936 viliharibu biashara hiyo. Alihamia Ufaransa, na mwaka 1937 akafungua nyumba yake ya mitindo mjini Paris, katika jengo namba 10, Avenue George V.

Sifa iliyomtenga na wabunifu wengi wa wakati wake ni kwamba yeye alikuwa fundi kamili. Wabunifu wengi walichora nguo kisha wakawaachia wengine kukata na kushona. Balenciaga aliweza kuchora, kukata, kushona na kumpima mteja kwa mikono yake mwenyewe. Fundi yeyote anajua kwamba mkono wa nguo ndio mtihani wenyewe: ukikaa vibaya begani, nguo nzima imeharibika. Balenciaga alikuwa mashuhuri kwa kuufumua mkono uliokwisha kushonwa na kuupachika upya mpaka aridhike.

Kutoka katika umahiri huo yalizaliwa maumbo ambayo hayakuwahi kuonekana. Mwaka 1957 alitoa gauni lisilobana kiuno, lililopewa jina la gunia, wakati wanawake wa Ulaya walikuwa wamezoea nguo za kubana katikati. Mwaka 1958 kampuni ya Uswisi iitwayo Abraham ilimtengenezea hariri ngumu iitwayo gazar, yenye uwezo wa kusimama mbali na mwili kana kwamba imeshikiliwa na waya. Mwaka 1960 alimshonea Fabiola gauni la harusi alipoolewa na Mfalme wa Ubelgiji.

Kufungwa ghafla

Kufikia miaka ya 1960 dunia ya mavazi ilikuwa imebadilika. Nguo zilizoshonwa tayari viwandani zilikuwa zikiuzwa kwa wingi na kwa bei nafuu, na vijana hawakutaka tena kupimwa mara tatu ndipo wapate gauni moja. Balenciaga, ambaye maisha yake yote yalikuwa ya kushona kwa kipimo cha mteja mmoja mmoja, hakuiona nafasi yake katika utaratibu huo. Mwaka 1968, akiwa na umri wa miaka 73, aliifunga nyumba yake. Alifariki dunia Machi 1972 na kuzikwa Getaria.

Hata hivyo, kuna kitu kimoja ambacho hakikufungwa. Tangu mwaka 1947 nyumba hiyo ilikuwa ikiuza manukato yaitwayo Le Dix, yaani 'Kumi', kwa kufuata namba ya jengo lake. Biashara ya manukato iliendelea. Kwa hiyo, wakati cherehani zimenyamaza, jina liliendelea kubaki madukani na vinywani mwa watu.

Kufufuliwa

Mwaka 1986 kampuni ya manukato ya Jacques Bogart ililinunua jina hilo, na mwaka uliofuata nguo zikaanza kuonyeshwa tena, zikibuniwa na Michel Goma. Baada yake alifuata Josephus Thimister. Miaka hiyo ya mwanzo haikuwa na kishindo.

Mabadiliko makubwa yalikuja mwaka 1997, alipokabidhiwa kazi kijana wa miaka 25 aitwaye Nicolas Ghesquière. Aliyachukua maumbo ya mzee yule na kuyavalisha watu wa kizazi kipya. Mwaka 2001 nyumba hiyo ilinunuliwa na Gucci Group, iliyo chini ya kampuni ambayo sasa inaitwa Kering. Ghesquière aliondoka mwaka 2012, akafuatiwa na Alexander Wang, na mwaka 2015 akaingia Demna Gvasalia, mzaliwa wa Georgia.

Ni katika kipindi cha Demna ambapo jina hilo lilifika mpaka kwenye meza za wamachinga wa Dar es Salaam. Raba nene ziitwazo Triple S, zilizotoka mwaka 2017, ziliigwa kila kona ya dunia. Kabla ya hapo, mwaka 2016, alionyesha mikoba mikubwa ya mistari inayokumbusha mifuko ya sokoni, ile jamii ya mifuko ambayo hapa nchini tunaiita 'shangazi kaja'. Julai 2021, baada ya miaka 53, nyumba hiyo ilirejea katika kazi yake ya asili ya kushona kwa kipimo, katika jengo lile lile la Avenue George V. Mwaka 2025 Demna alihamia Gucci, na nafasi yake ikachukuliwa na Pierpaolo Piccioli kutoka Italia.

Si kila maiti hufufuka. Nyumba ya Madeleine Vionnet, iliyoanzishwa Paris mwaka 1912 na kufungwa mwaka 1939, nayo ilirudishwa sokoni katika karne hii, lakini ilipofika mwaka 2018 ilikuwa imefungwa tena. Jina lake ni kubwa na wataalamu wa ushonaji wanaliheshimu hadi leo, lakini heshima hiyo haikuwa wateja. Aidha, jina lililofufuka linaweza kuchafuka: mwishoni mwa mwaka 2022 Balenciaga ililazimika kuomba radhi baada ya matangazo yake yaliyowahusisha watoto kulaaniwa katika nchi nyingi.

Yako mambo matatu yaliyoiwezesha Balenciaga kurudi. La kwanza ni jina, ambalo lilikuwa na mwenyewe kisheria na likaweza kuuzwa na kununuliwa. La pili ni kumbukumbu: magauni, michoro na picha vilihifadhiwa, kiasi kwamba mwaka 2011 Getaria ilifungua makumbusho nzima ya kazi zake, na mwaka 2017 makumbusho ya Victoria and Albert ya London iliyapiga magauni hayo picha za eksirei ili kuonyesha siri zilizofichwa ndani ya mishono. La tatu ni wanafunzi. André Courrèges na Emanuel Ungaro walipita katika karakana yake kabla ya kuwa na nyumba zao wenyewe.

Mwaka huo huo, Ubungo

Mwaka ule ule wa 1968 ambao Balenciaga ilifungwa Paris, hapa Dar es Salaam kilifunguliwa kiwanda cha nguo cha Urafiki, Ubungo, kilichojengwa kwa msaada wa China. Kiwanda kilisokota nyuzi, kikafuma na kuchapa khanga na vitenge mahali pamoja. Kwa familia nyingi za mjini, Urafiki lilikuwa jina la kitambaa kabla ya kuwa jina la kiwanda.

Soko lilipofunguliwa kuanzia katikati ya miaka ya 1980, viwanda vya umma vilijikuta vikishindana na mitumba na vitenge vya nje. Mwaka 1997 Urafiki kiligeuzwa kuwa kampuni ya ubia, upande wa China ukiwa na asilimia 51 ya hisa na Tanzania 49. Ubia huo haukukirudishia hadhi ya awali.

Jirani zetu wa Kenya nao wanalo la kusimulia. Kiwanda cha Rivatex cha Eldoret kilianguka mwishoni mwa miaka ya 1990, kikanunuliwa na Chuo Kikuu cha Moi mwaka 2007, na kufunguliwa upya mwaka 2019 kikiwa na mitambo mipya iliyopatikana kwa mkopo wa India. Baada ya hapo uhaba wa pamba ukawa kikwazo. Mitambo inanunulika kwa mkopo, lakini pamba hulimwa na mkulima ambaye ni lazima aone faida yake.

Wapo pia waliolinda jina kwa vizazi. Mjini Mombasa, nyumba ya biashara ya Kaderdina Hajee Essak, iliyoanza mwaka 1887, ilichapa kwenye khanga zake alama ya K.H.E. pamoja na maneno 'Mali ya Abdulla'. Mwanamke wa pwani alipokwenda dukani aliitafuta alama hiyo pembeni mwa kitambaa kabla ya kusoma jina, yaani methali iliyoandikwa katikati. Alama hiyo ilikuwa ahadi kwamba rangi haitachuja.

Funzo kwa fundi

Mafundi wa Ukonga hawana Avenue George V, lakini wana mikono. Tatizo ni kwamba ujuzi wao mwingi umo kichwani. Vipimo vya wateja huandikwa kwenye daftari linalotupwa likijaa. Mkato mpya wa gauni la kitchen party ukipendwa, baada ya wiki mbili umeigwa mtaa mzima, na hakuna anayekumbuka ulianzia kwa nani.

Hatua ya kwanza haina gharama kubwa: kukata kila mkato mzuri kwenye karatasi ngumu, kuuandikia tarehe na kuutunza, pamoja na picha ya nguo iliyokamilika. Hatua ya pili ni jina. Wengi hudhani kwamba kusajili jina la biashara kunatosha. Usajili huo unamtambulisha mfanyabiashara tu. Kinacholinda jina linaloshonwa kwenye kola ni alama ya biashara, ambayo Tanzania Bara husajiliwa na Wakala wa Usajili wa Biashara na Leseni (BRELA) chini ya sheria ya mwaka 1986. Usajili wa kwanza hudumu miaka saba, kisha huhuishwa kwa vipindi vya miaka 10. Hatua ya tatu ni mwanafunzi, na hapa ndipo palipo na ugumu, kwa kuwa fundi huogopa kumfundisha yule atakayefungua kibanda mkabala na chake.

Hofu hiyo ina msingi. Lakini Balenciaga aliwafundisha waliokuja kushindana naye, na ni wao waliosaidia kulifanya jina lake liendelee kutajwa wakati yeye mwenyewe amenyamaza. Mali ya fundi ni mkato wake, jina lake na aliyemrithisha kazi. Vyote vitatu vikiwa salama, cherehani inaweza kusimama kwa miaka kadhaa, na siku moja akatokea mtu wa kuikalia tena.