Majina mawili ya mjomba

Mjomba wangu alipofariki kule Newala, maiti yake ilikaa ndani tangu alfajiri mpaka jua lilipovuka utosi, bila mtu kushika jembe. Hakukuwa na ugomvi wa shamba wala wa mikorosho. Kilichotukwamisha ni majina. Watoto wa mke wa kwanza walimjua baba yao kwa jina la ubatizo, na cheti chake cha parokia kilikuwa kimekunjwa ndani ya Biblia. Watoto wa mke wa pili walimjua kwa jina alilopewa aliposilimu, na kofia yake ya kwendea msikitini ilikuwa bado imetundikwa msumarini. Shehe alikuwapo. Katekista alikuwapo. Kila mmoja aliona haya kumtangulia mwenzake.

Aliyekata shauri ni dada yake marehemu, yule ninayemwita mama mkubwa. Alitoka ndani amejifunga kanga kiunoni, akasema huyu ni mtoto wa mama yetu, na wenye mtoto ndio sisi. Amekufa Mwislamu, atazikwa Kiislamu leo hii. Watoto wake Wakristo watamwombea kanisani Jumapili, na chakula kitapikwa hapahapa uani. Wanaume wakainuka kwenda kuchimba.

Nilikuwa kijana wakati ule, nikadhani mambo ya namna hii ni yetu peke yetu, watu wa Newala na Masasi. Miaka mingi baadaye niliyakuta katika riwaya ya Nathan Englander, mwandishi Myahudi wa Marekani. Riwaya yenyewe inaitwa kaddish.com, nayo ilitoka mwaka 2019. Mzee mmoja mshika dini anafariki, amemwacha mwana wa kiume, Larry, ambaye dini ameshaipa kisogo. Mila ya Kiyahudi inamtaka mwana amsomee baba yake dua ya wafu kila siku kwa miezi 11, tena mbele ya mkusanyiko wa watu wasiopungua 10. Dada yake Larry anamkazania. Larry anaona miezi 11 ni mzigo asioweza kuubeba, basi anatafuta kwenye intaneti mwanafunzi wa chuo cha dini huko Jerusalem, anamlipa ili amsomee. Miaka inapita. Larry anarudi katika dini, anakuwa mwalimu wa watoto, anabadili hata jina na kuitwa Shuli. Hapo ndipo swali linapoanza kumnyima usingizi: haki ya kumlilia baba ameshaiuza kwa mtu mwingine, sasa ataikomboaje?

Msomaji wa Newala hahitaji kufafanuliwa riwaya hiyo. Anajua hitima, anajua arobaini, anajua misa ya kumwombea marehemu. Anajua pia aibu ya mtoto aliyerudi kutoka Dar es Salaam na kusimama kaburini huku midomo yake haijui maneno.

Nimekuwa nikizisoma hadithi hizi kwa miaka kadhaa sasa, na kinachonivuta ni jinsi waandishi wa Kiyahudi wasivyoona haya kuuanika ugomvi wa nyumbani. Wameanza zamani. Sholem Aleichem aliandika kwa Kiyidishi habari za Tevye, muuza maziwa ambaye binti yake mmoja anaolewa na Mkristo, na baba anaamua kumhesabu kama aliyekufa. Hadithi hizo ndizo zilizozaa mchezo wa jukwaani Fiddler on the Roof mwaka 1964. Mwaka 2006 Naomi Alderman wa Uingereza alitoa Disobedience, ambamo binti wa rabi anarudi London baada ya kifo cha baba yake, katika mtaa ambako kila mtu anajua alivyoondoka na kwa nini.

Lakini kitabu ninachokipenda kuliko vyote ni My Name Is Asher Lev cha Chaim Potok, cha mwaka 1972. Asher ni mtoto wa Wayahudi washika dini sana wa Brooklyn, mjini New York. Amezaliwa na kipaji cha kuchora. Baba yake husafiri nchi kwa nchi kwa ajili ya jumuiya yao, na mama yake hubaki dirishani akingoja, moyo umegawanyika baina ya mume na mwana. Asher anapokua anataka kuuchora uchungu huo wa mama. Anatafuta umbo katika mapokeo ya kwao, halipo. Mwisho anamchora mama yake akiwa amesulubiwa kwenye fremu ya dirisha. Kwa Myahudi, aliyeona mababu zake wakiuawa na watu waliobeba msalaba, hakuna picha inayochoma kuliko hiyo. Wazazi wake wanaiona ikiwa imetundikwa ukumbini mbele ya watu. Kiongozi wa jumuiya anamwambia kijana aende zake, akaishi mbali.

Niliposoma kurasa hizo niliwafikiria wachongaji wetu wa mpingo. Mtu anachonga mti wa ukoo, watu wamebebana mabegani, babu chini na wajukuu juu, kisha Ijumaa anakwenda kuswali katika dini isiyopenda sanamu, au Jumapili anachonga msalaba kwa ajili ya altare. Ndani ya kifua chake kuna riwaya nzima.

Uhusiano wetu na hadithi hizi una mzizi mrefu zaidi ya ninavyoweza kuueleza kwa mchongaji mmoja. Kwa sheria ya Kiyahudi ya tangu kale, Myahudi ni yule aliyezaliwa na mama Myahudi, au aliyeongoka kwa taratibu zao. Baba anaweza kuwa mwanazuoni mkubwa, lakini kama mama si Myahudi, mtoto naye hahesabiwi. Mwaka 1983 marabi wa madhehebu ya Mageuzi nchini Marekani waliamua kuwatambua pia watoto wa baba Myahudi waliolelewa katika imani hiyo, na mabishano hayajatulia hadi leo. Sehemu kubwa ya riwaya zao za sasa inachota humo: nani wetu, nani si wetu, na nani mwenye kuamua.

Sasa njoo Newala. Wamakonde, Wamakua na Wayao wamehesabu ukoo kwa mama tangu kabla ya kanisa na msikiti kufika. Mtoto ni wa ukoo wa mama yake, na mkubwa wake ni mjomba. Karl Weule, Mjerumani aliyefika Newala mwaka 1906, aliandika kitabuni masimulizi ya asili ya Wamakonde. Huko Mahuta, wakati ambapo hapakuwa na kitu ila pori, alitoka mtu ambaye hakuwa akioga wala kunyoa. Akachonga sanamu ya mtu, akaisimamisha penye makao yake, na usiku sanamu ikawa mwanamke hai. Wakashuka Ruvuma kuoga, mwanamke akazaa mtoto mfu. Wakaenda bonde la Mbwemkuru, akazaa tena mtoto mfu. Wakarudi juu Mahuta, na mtoto wa tatu akaishi. Kwa hiyo hata simulizi letu la mwanzo linamngoja mama: watu hawakuwapo mpaka yeye alipopata mahali pa kuzalia.

Tofauti yetu na Wayahudi ndiyo inayonishughulisha. Kwao mama alipitisha damu na imani kwa pamoja. Kwetu ukoo ulibaki kwa mama, na dini zikaja kwa njia nyingine, kila moja na mlango wake. Mwaka 1876 Askofu Edward Steere wa misheni ya Kianglikana ya UMCA alitoka pwani na kundi la watu waliokombolewa utumwani, akikusudia kuwafikisha upande wa Ziwa Nyasa. Walipofika Masasi waliona pametosha, wakaweka makazi chini ya majabali yale. Walikuwa watu walionyang'anywa mama zao, wakapewa majina mapya kwenye maji ya ubatizo. Mwaka 1882 Wangoni waliwavamia, wengine wakachukuliwa tena mateka. Mwaka 1905, wakati wa Maji Maji, misheni ya Masasi ikachomwa moto. Baada ya hapo Uislamu nao ulienea kwa kasi vijijini, ukiletwa na walimu waliokuwa ndugu na jirani, watu waliokula ugali ule ule wa muhogo.

Katikati ya hayo yote alikuwapo Cecil Majaliwa, Myao aliyepitia utumwa utotoni. Mwaka 1890 alipewa upadri, wa kwanza kwa Mwafrika katika misheni ile, na kazi yake kubwa aliifanya Chitangali, si mbali na Newala. Fikiria mtu huyo jioni, amerudi miongoni mwa watu wa lugha yake, yeye ni padri, nao wanamwuliza mama yake alikuwa wa ukoo gani. Nani ametuandikia jioni hiyo?

Kisha likaja suala la jando. Vincent Lucas, aliyekuwa askofu wa kwanza wa Dayosisi ya Masasi kuanzia mwaka 1926, aliona kwamba kijana asiyepita jandoni hahesabiki kuwa mtu mzima, hata awe anajua sala zote. Akalibatiza jando lenyewe: padri akabariki, mafundisho ya kanisa yakaingizwa, na yale aliyoyaona hayapatani na Injili yakaondolewa. Kwa unyago wa wasichana kazi ilikuwa ngumu zaidi, maana makungwi hawakuwa watu wa kukabidhi siri zao kwa askofu. Mvulana akitoka jandoni huacha jina la utotoni na kuchukua jina jipya. Ongeza la ubatizo au la Kiislamu, ongeza la shuleni, na mtu mmoja anatembea na majina manne, kila moja likiwa na watu wanaolidai. Kanisa Anglikana la Tanzania limewahi kuongozwa na Askofu Mkuu aitwaye John Ramadhani, na hakuna aliyeshangaa.

Afrika Mashariki tayari ina riwaya yake ya Kiyahudi, na sehemu yake imeandikwa kwa masikio yaliyozoea Kiswahili. Stefanie Zweig alizaliwa mwaka 1932 huko Leobschütz, iliyokuwa Ujerumani wakati huo. Mwaka 1938 familia yake ilikimbilia Kenya kuwaepuka Wanazi. Baba, aliyekuwa mwanasheria, akageuka mwajiriwa wa shambani. Riwaya yake, Nirgendwo in Afrika, ilitoka mwaka 1995, na filamu yake ikapata tuzo ya Oscar mwaka 2003. Humo mna msichana, Regina, ambaye wazazi wake wanaililia nchi iliyowafukuza huku yeye akimpenda Owuor, mpishi Mjaluo, na kuota kwa lugha za huku. Baba anampa Owuor joho lake jeusi la uwakili, kwa kuwa hana mahakama ya kulivaa. Vita vinapoisha, baba anataka kurudi Ujerumani, mahali ambapo ndugu zao wameangamizwa. Mwaka 1947 familia ya Zweig ilirudi kweli. Ninaikumbuka riwaya hiyo kwa sababu moja: mwandishi alipitisha karibu nusu karne kabla ya kuiandika, na bado alikumbuka harufu ya jiko.

Katika Kiswahili tuna Uhuru wa Watumwa cha James Mbotela, cha mwaka 1934, kuhusu watu waliokombolewa kama wale wa Masasi. Tuna Rosa Mistika ya Kezilahabi, ya mwaka 1971, yenye baba mkali na binti aliyepotea. Tangu mwaka 2022 tuna Peponi, tafsiri ya Paradise ya Abdulrazak Gurnah. Hata Shaaban Robert mwenyewe alikuwa na asili ya Kiyao, na jina lake, nusu la msikitini na nusu la Kizungu, lingeweza kuwa anwani ya riwaya. Lakini riwaya ya Kiswahili inayokaa Newala, ndani ya nyumba moja yenye rozari na tasbihi, ambamo mjomba anadai mtoto na baba anadai jina, sijapata kuisoma.

Najua sababu inayotajwa. Tunaambiwa tusiandike mambo ya dini, tutavunja amani. Mimi siikubali. Mama mkubwa hakuvunja amani pale uani. Aliusema ugomvi kwa sauti, mbele ya watu wote, na ndipo kaburi likachimbwa. Kinachotuumiza ni kunyamaza mpaka siku ya msiba. Tena tusiogope Kimakonde, Kimakua na Kiyao ndani ya Kiswahili chetu. Isaac Bashevis Singer alipewa Nobel mwaka 1978 kwa kazi alizoandika kwa Kiyidishi, lugha ambayo mamilioni ya wasemaji wake waliuawa na Wanazi, na hakuiacha.

Kwa hiyo nina neno kwa vijana walioko Masasi, Newala, Tandahimba na Nanyumbu, na kwa walimu wanaosahihisha insha zao. Likizo hii, nenda kwa bibi mzaa mama. Mwamkie, kaa jikoni, mwulize majina yote aliyowahi kuitwa na nani alimpa kila jina. Andika anavyosema, kwa maneno yake. Tuzo ya Taifa ya Mwalimu Nyerere ya Uandishi Bunifu, iliyotolewa kwa mara ya kwanza Aprili 13, 2023, inapokea riwaya za Kiswahili. Mama mkubwa ana zaidi ya miaka 80 sasa, na bado anakumbuka kila kitu.