Rangi Ikigoma na Shule Ikifunguliwa

Natumai waisoma makala hii ukiwa umetulia, wala huna taulo kichwani. Nasema hivyo kwa sababu najua wamo miongoni mwetu, wa bweni na wa kutwa, ambao kila likizo ikielekea ukingoni hushikwa na homa ile ile. Likizo inapoanza mtu hujitia rangi ya nywele: damu ya mzee, nyekundu, au buluu ya kumetameta kama mgongo wa kasuku. Zikibaki siku tatu shule zifunguliwe ndipo hukumbuka sheria za shule na uso wa mwalimu wa zamu pale langoni. Basi huwa ni mbio!

Mbio hizo nazijua vyema. Dada yangu ana saluni ndogo mtaani kwetu Likoni, na kila likizo mimi ndiye wa kuchota maji, kuyapasha moto na kufagia nywele. Wiki ya mwisho ya likizo wateja wa kusuka huwa wachache kuliko wale wa kutolewa rangi. Mmoja aliingia akihema.

"Shikamoo dada. Naomba unitoe hii rangi leo leo, shule ni Jumanne."

"Marahaba, mdogo wangu. Ilitoka kwenye chupa ngapi?"

Yule msichana alibaki kumtazama, kana kwamba ameulizwa idadi ya nyota. Lakini swali la dada ndilo shina la mambo yote, na ndilo nitakalo kulieleza hapa.

Unywele si uzi mtupu. Ukiukuza kwa hadubini utaona umevikwa magamba membamba yaliyolaliana mfano wa makuti ya paa. Ndani ya magamba hayo mna sehemu nene iliyojengwa kwa protini iitwayo keratini, na humo ndimo ilimo melanini, yaani weusi wetu wa kuzaliwa nao. Makuti yakilala vizuri nywele hung'aa. Yakiinuka, vitu huingia na kutoka. Yakivunjika, paa limevuja, na wala unywele haujiponyi kama ngozi, maana ule ulio nje ya ngozi hauna uhai.

Sasa, rangi ya kudumu huja kwa chupa mbili zinazochanganywa. Mara nyingi huwamo amonia, ambayo huinua makuti, na haidrojeni peroksaidi. Chembe ndogo zisizo na rangi hupenya hadi ndani, zikakutana na peroksaidi, zikaungana na kuwa chembe kubwa zenye rangi. Zikishakuwa kubwa hazipiti tena mlangoni. Mfaransa Eugène Schueller, aliyeunda rangi zake za nywele mwaka 1907, alikuwa mwanakemia, na kwa kweli hii ni kemia hasa, si urembo mtupu. Rangi ya namna hiyo huwezi kuiosha ikatoka yote. Utaichujua tu.

Rangi ya nusu kudumu, ndiyo ninayoizungumzia leo, hutoka kwenye chupa moja. Haina amonia wala peroksaidi. Chembe zake zina rangi tangu chupani. Nyingine hukaa juu ya makuti, nyingine hujibanza chini yake kidogo. Kila ukiosha, kadhaa huondoka na maji. Kwa kawaida huisha baada ya kuoshwa mara 4 hadi 12. Kuna na ndugu wa katikati, mwenye chupa mbili na peroksaidi hafifu, ambaye huweza kustahimili kuoshwa mara 20 na zaidi. Hebu basi lichunguze pakiti kabla hujalitupa.

Kama pakiti limeshapotea, lowesha shungi moja la nywele, lisugue kwa pamba nyeupe yenye povu la shampuu. Pamba ikitoka na rangi, una tumaini. Ikitoka nyeupe pe, rangi hiyo imeshahamia ndani. Hina nayo usiihesabu hapa kabisa: rangi yake hushikamana na keratini yenyewe, na bibi zetu wa pwani wanajua kwamba aliyetia hina hungoja nywele zikue.

Tuseme basi pamba imetoka na rangi. Usiku wa kwanza dada huanza na mafuta ya nazi, yaliyopashwa moto kidogo tu. Huyapaka kote, akafunika kichwa kwa kofia ya plastiki ya kuogea (mifuko ya plastiki tuliyokuwa tukijifunga zamani ilipigwa marufuku nchini mwaka 2017) na kuacha saa moja, au hadi asubuhi. Mafuta hulegeza baadhi ya chembe, na pia huzikinga nywele na ukali wa sabuni unaofuata. Asubuhi shampuu hutiwa kwanza juu ya mafuta, kabla ya maji. Ukianza na maji mafuta yatagoma, utasugua mpaka uchoke.

Shampuu ifaayo ni ile ya mba. Aghalabu huwa na nguvu ya kusafisha kupita zile za nywele zilizotiwa rangi, ambazo kazi yake ni kuilinda rangi isitoke! Tumia maji ya vuguvugu, kama ya kumwogeshea mtoto. Acha povu likae dakika 5, kisha litazame. Likiwa jekundu au la zambarau usiogope, ndiyo kazi yenyewe. Suuza, rudia mara moja zaidi, halafu paka kondishona na uchane kwa kitana chenye meno mapana, ukianzia kwenye ncha na kupanda juu. Kisha ACHA. Pumzisha nywele siku mbili ndipo urudie. Nywele zetu za kipilipili zina mikunjo mingi, na kila mkunjo ni mahali pa kukatikia. Ukiziosha mara sita kwa siku moja utatoa rangi pamoja na nywele.

Nisisahau maji. Kwetu maji ya kisima yana chumvichumvi, na sabuni ya kipande ikikutana nayo haitoi povu bali utando mweupe unaoganda kichwani. Waliosoma Kemia watakumbuka: ni kalsiamu na magnesiamu zilizomo ndani ya maji magumu. Tafuta maji ya mvua ukiweza.

Wapo wanaosaga vidonge vya vitamini C, kama 10 hivi, wakavichanganya na shampuu na kuacha nusu saa. Husaidia, hasa rangi ikiwa mpya, ila viwe vidonge vyeupe. Vile vya kutafuna vina sukari na rangi ya machungwa, na hutaki kutoa rangi huku unatia nyingine. Baikabonati ya kupikia nayo huinua makuti kidogo na kuiachia rangi njia. Lakini jamani, baikabonati si magadi! Magadi yale ya Ziwa Magadi, ya kulainishia maharagwe, ni alkali kali zaidi: baikabonati ikiwa kwenye 8 katika kipimo cha pH, magadi hufika kama 10. Nywele hupenda asidi hafifu, kati ya 4 na 5 na nusu. Sasa pima mwenyewe umbali huo.

Hapa ndipo nifikapo kwenye jambo lililonifanya nichukue kalamu. Jumapili moja, shule zikiwa zafunguliwa kesho yake, alikuja saluni msichana wa rika langu, kajifunga kanga kichwani, mamake kamshika mkono. Alikuwa amejipaka ndimu kichwani kwa sababu aliambiwa hukata rangi. Ilipokataa, akamimina Jik, ile ya kung'arishia nguo, bila kusuuza ndimu. Tena ndani ya bafu lisilo na dirisha.

Dada alipomfungua ile kanga, nywele za utosini zilikuja nayo. Ngozi ilikuwa imewiva, na mtoto wa watu alikuwa akikohoa bila kukoma.

"Mwanangu, nifanyeje?" mama aliuliza. "Kesho shule."

"Mama, shule itangoja. Tummwagie maji, kisha twende hospitali sasa hivi."

Tulimmwagia maji safi kwa dakika 20. Mimi ndimi niliyeyachota, na sijapata kuchota maji kwa kasi kama siku ile. Alipona, lakini alirudi shuleni wiki ya tatu ya muhula, kichwa kimenyolewa.

Ni nini kilichotokea? Dawa hiyo ya nguo huyeyusha keratini. Mafundi wa mabomba huitumia mtaro wa bafu ukizibwa na nywele! Haichagui kati ya rangi na unywele. Inakula vyote, kisha inaingia kwenye ngozi. Na ikikutana na asidi, iwe ndimu au siki, hutoa gesi ya klorini. Gesi hiyo ndiyo waliyofunguliwa askari vitani huko Ypres, Ubelgiji, mwezi wa Aprili 1915, wakafa kwa kukosa pumzi. Ikichanganywa na kitu chenye amonia, mathalani baadhi ya rangi za kudumu, hutoa gesi nyingine isiyo na huruma. Likikupata, au likimpata mwenzako bwenini, toka nje kwenye hewa safi, mwagia maji mengi yanayotiririka, macho pia kama yameguswa, na mwone daktari. Usijaribu kuipoza kwa kitu kingine chochote. Maji tu.

Walimu wetu, mniwie radhi nikiteta kidogo. Sheria ya nywele naijua na siipingi. Lakini yule msichana hakuogopa rangi, aliogopa lango. Rangi ya chupa moja haitoki kwa siku moja, hata anayeamuru awe nani. Mwanafunzi akikiri mwenyewe siku ya kwanza, akapewa majuma mawili ya kuiosha huku nywele amezisuka mistari na kuzibana, rangi itachujuka na kichwa kitabaki na ngozi yake. Nadhani hilo halivunji nidhamu ya mtu.

Kuna wasioweza kusaidiwa na shampuu hata kidogo, nao ni waliochujua nywele kwanza ili ile buluu ionekane. Rangi ya nusu kudumu haina uwezo wa kuufanya unywele mweusi uwe mweupe. Kwa hiyo ukiona chini ya buluu mna manjano kama majani makavu, jua peroksaidi ilipita hapo na melanini imekwenda. Hakuna kuosha kutakakoirudisha. Kuna njia mbili tu: kutia nyeusi juu yake, baada ya kujaribu tone nyuma ya sikio na kungoja saa 48, maana rangi nyeusi nyingi zina kemikali iitwayo PPD ambayo huwavimbisha watu wengine uso mzima, au kukata. Nywele hukua kama sentimita moja kwa mwezi, basi piga hesabu. Na waliotia dawa ya kulainisha wajue makuti yao yameshainuka, hivyo rangi kwao huingia zaidi na hukawia kutoka.

Hesabu nyingine ni ya kalenda. Ukiosha mara mbili kwa wiki, rangi ya kuoshwa mara 8 yataka wiki 4. Likizo ya Aprili na ile ya Agosti hazitoshi. Desemba yatosha, ukiitia mapema na si siku ya Krismasi.

Rangi iliyogusa masikio na shingo haihitaji nguvu: paka Vaseline, ngoja dakika 10, futa kwa pamba. Na ile iliyoshika kola ya shati lako jeupe la shule, kama ni la pamba tupu, hiyo sasa ndiyo kazi ya Jik. Itie ndani ya maji, karai likiwa uani.