‘Thirteen’ si ‘thirty’: Tarakimu za Kiingereza zilivyonimwagia unga

Simu iliingia saa tano asubuhi nikiwa ndani ya matatu, Barabara ya Jogoo, muziki umepandishwa hadi vioo vinatetemeka. Sauti ya kike ilinipongeza kwa Kiingereza laini, ikasema nimepata kazi, kisha ikataja mshahara. Nikasikia ‘thirty thousand’. Nilisema ‘yes, thank you’ mara tatu hivi, nikashuka Muthurwa nikitabasamu peke yangu kama mtu aliyeokota pesa.

Wakati huo nilikuwa nauza vifaa vya simu katika duka moja katikati ya jiji, napokea Sh18,000 kwa mwezi. Jioni hiyo hiyo nikamwambia mdosi naondoka. Barua ya ajira ilipofika Ijumaa, ilisema Sh13,000. Jumatatu nilirudi dukani mbio, nikakuta kijana mwingine amesimama nyuma ya kaunta.

Cheka tu, nimeshazoea. Lakini kabla hujamaliza kucheka, hebu sema kwa sauti: ‘thirteen, thirty’. Sasa ‘fifteen, fifty’. Una uhakika mtu wa upande wa pili angesikia tofauti?

Tatizo letu linaanzia kwenye ulimi wenyewe. Neno la Kiswahili hukazwa silabi ya pili kutoka mwisho: ki-TA-bu, a-ro-ba-I-ni. Kwa hivyo tunayakaza ‘thirteen’ na ‘thirty’ pale pale, mwanzoni, yakatoka kama mapacha. Mzungu akilitaja ‘thirteen’ peke yake hukaza mwisho, na hiyo ‘teen’ anaivuta. ‘Thirty’ anaikaza mwanzo na kuimaliza haraka. Sasa hapa ndipo palipo na mtego ulioninasa mimi: likifuatwa na neno jingine, kama ‘thirteen thousand’, hata yeye huhamisha mkazo hadi mwanzo. Kinachobaki kukuokoa ni ile ‘n’ ya mwisho, na kwenye matatu yenye spika nne, ‘n’ haifiki popote.

Dawa yake ni rahisi, na si aibu hata kidogo. Uliza: ‘one three, or three zero?’ Wenye lugha yao wenyewe huuliza hivyo hivyo kwenye simu.

Tena, kama umewahi kuchekwa kwa kusema ‘tree’ badala ya ‘three’, jua kwamba marubani hufundishwa kuisema vivyo hivyo. Katika lugha ya redio ya usafiri wa anga, tatu ni ‘tree’, tano ni ‘fife’, na tisa ni ‘niner’ ili isichanganywe na tano. Ndege inayotua JKIA usiku haihitaji lafudhi ya London. Inahitaji nambari isikike ilivyo. Lakini kwenye mahojiano ya kazi weka ulimi kati ya meno, bana. Hakuna rubani pale.

Jambo ambalo hatulisemi ni kwamba wengi wetu tunajua tarakimu za Kiingereza lakini hatuishi nazo. Chekechea tuliimba ‘one’ hadi ‘hundred’, na kuanzia Gredi ya Nne karibu kila somo ni Kiingereza. Ukitoka nje ya lango la shule, konda anakudai finje au soo, rafiki anakukopa ngiri, na wazee wetu noti ya 500 waliiita ‘Jirongo’ miaka ya tisini. Sokoni unahesabu kwa Kiswahili au kwa lugha ya mama. Kiingereza kinakuja kukungoja benki, kortini, kwenye mahojiano na kwenye kazi za mtandaoni, yaani pale pale ambapo kosa lina bei.

Chukua ‘laki’. Neno hili tulilipata kutoka kwa Wahindi, nalo ni tamu kwa hesabu: laki tatu, basi. Kiingereza hakina kitu kama hicho, inabidi useme ‘three hundred thousand’. Nimeona mtu mwenye shahada akikwama hapo, macho juu, akitafuta sufuri darini. Na usiongeze ‘s’: ni ‘three hundred’, ‘five thousand’, ‘two million’. Hiyo ‘s’ huja tu usipotaja idadi kamili, kama ‘thousands of people’.

Nayo ‘billion’ ina historia yake. Zamani Uingereza ilikuwa milioni mara milioni, huku Marekani ikiwa milioni elfu moja. Mwaka wa 1974 serikali ya Harold Wilson iliamua kufuata hesabu ya Marekani, na ndiyo tunayotumia hata sisi. Wajerumani na Wafaransa bado wako kwenye ile ya zamani, kwa hivyo ukitafsiri ripoti yao ya fedha, tulia kwanza.

Kwenye kuandika, kuna mitego michache inayowanasa hata walimu. ‘Fourteen’ ina ‘u’, ila ‘forty’ haina. ‘Ninety’ ina ‘e’ katikati, ‘ninth’ imeitupa. ‘Eighth’ ina ‘t’ moja, na ‘twelfth’, nayo, ni fujo tupu, ikariri tu. Kuanzia 21 hadi 99 weka kistari: ‘twenty-one’, ‘sixty-four’. Na ile ‘and’? Mwingereza huiweka baada ya ‘hundred’: ‘two hundred and five’. Mmarekani mara nyingi huiacha. Sisi tuliorithi Kiingereza cha Uingereza tunaiweka, lakini si kila mahali kama tunavyorundika ‘na’ kwenye Kiswahili.

Ukidhani maandishi haya ni ya mitihani pekee, siku moja utashika hundi. Sheria ya Kenya inasema kiasi cha maneno kikitofautiana na cha tarakimu, maneno ndiyo yanayohesabiwa. Ukiandika ‘forty thousand’ juu ya tarakimu 14,000, kwa sheria umeahidi elfu arobaini, ingawa benki inaweza kuirudisha tu ukaanze upya. Anza kuandika kabisa kushoto, malizia na ‘only’, usimwachie mtu nafasi ya kukuongezea sufuri.

Saa ndizo zimewakosesha wengi kazi kimyakimya. Wameitwa ‘at nine’, wanasikia tisa, wanafika saa tisa alasiri wakiwa wamepiga pasi vizuri kabisa, na mahojiano yalikuwa saa tatu asubuhi. Ongeza au toa sita, kila mara, hata kama unadhani umezoea.

Kama unafanya kazi za kunakili sauti kwa wateja wa Marekani, angalia tarehe. Wao huanza na mwezi. Jamhuri yetu, 12/12/1964, haina shida popote duniani, lakini Madaraka, 1/6/1963, kwao ni Januari 6. Nambari za simu nazo: sisi husema ‘double two’, wao mara nyingi husema ‘two two’. Na 3.14 ni ‘three point one four’, usije ukasema ‘point fourteen’.

Mimi mazoezi yangu nafanya barabarani. Nasoma nambari za magari kwenye msongamano, nasoma stakabadhi za dukani, nasoma salio la M-Pesa kwa Kiingereza, polepole, hadi senti. Kwanza watu walinitazama. Halafu kijana aliyekaa karibu nami siku moja akanirekebisha, na alikuwa sahihi.

Wiki jana simu nyingine iliingia, tena nikiwa kwenye matatu. Nilisikia ‘fifty’, au pengine ‘fifteen’. Nikamwomba konda apunguze muziki, akakataa. Nikashuka kabla ya kituo changu, nikasimama kando ya barabara na kuuliza: ‘Sorry, one five or five zero?’

Alicheka kidogo. ‘Five zero,’ akasema. Nikamwomba anitumie kwa barua pepe pia, kwa tarakimu na kwa maneno, na dukani sijaaga bado.