Pudini ya Matufaha na Mdalasini: Utamu Uko Jikoni, Faida Iko Kwenye Hesabu

Je, umewahi kupika kitu nyumbani, jirani akaonja, akalamba kidole, kisha akakuuliza, "Hii unauza pesa ngapi?"

Swali hilo ndilo lililonianzishia biashara. Ilikuwa Desemba, nimemaliza chuo, kazi hakuna, niko nyumbani kwa mama hapa Nakuru. Nilikuwa nimeoka matufaha na mdalasini kwenye sufuria, juu ya jiko la makaa, kwa sababu hatuna oveni. Jirani alipouliza bei, nilijibu haraka bila kufikiri: "Mia moja tu." Hiyo "mia moja tu" ilinitesa miezi miwili. Lakini tuanze na mapishi kwanza, hesabu tutaifikia.

Kwa nini matufaha?

Matufaha mengi tunayoyaona kwenye masoko na mikokoteni ya mjini hutoka nje, hasa Afrika Kusini. Mtufaha hupenda baridi. Kule kwenye nchi zenye majira ya baridi kali, mti hulala miezi kadhaa kisha huamka na kuchanua maua. Sisi huku hatuna baridi ya aina hiyo, ndiyo maana wakulima wa miinukoni hupanda aina zinazovumilia joto, kama vile Anna, na wengine huwabidi kupukutisha majani kwa mkono ili mti udhani umelala na kuamka. Ni kazi, na bei inaonyesha.

Unga nao ni wa nyumbani kabisa. Ukitoka mjini kuelekea Njoro na Mau Narok unapita mashamba ya ngano, na hapo Njoro utafiti wa ngano umefanywa tangu enzi za ukoloni. Mdalasini huenda umeshakuwa nao jikoni, maana pilau haipikiki bila huo. Kama una vijiti, vitwange mwenyewe. Harufu ya mdalasini uliotwangwa leo si sawa na ile ya pakiti iliyofunguliwa mwaka jana.

Unachohitaji (bakuli 6 ndogo)

- Matufaha 6 ya wastani. Yale ya kijani ni machachu na hayapondeki upesi. Mekundu ni matamu ila hulainika haraka. Mimi huchanganya.
- Unga wa ngano vikombe 2 (kama gramu 250)
- Majarini au siagi gramu 125, iwe baridi
- Sukari gramu 150: theluthi moja ya matufaha, iliyobaki ya unga
- Mdalasini kijiko 1 kidogo kilichojaa
- Maji ya nusu limau na chumvi kidogo sana

Jinsi ya kuoka

Menya matufaha, toa mbegu, kata vipande vinavyolingana. Vikitofautiana, vidogo vitakuwa uji wakati vikubwa bado vigumu. Nyunyizia limau mara moja. Ile asidi huzuia matufaha yasigeuke rangi ya kahawia.

Sasa sikiliza jambo ambalo vitabu vingi vya mapishi havitakuambia. Nakuru iko juu, kama mita 1,850 kutoka usawa wa bahari. Huku maji huchemka kwenye nyuzi 94 hivi badala ya 100, kwa hivyo matunda huchelewa kuiva. Mara ya kwanza nilifuata dakika za kitabu na matufaha yakatoka yakitafunika kama karoti. Dawa yake ni rahisi: yaweke kwenye sufuria pamoja na sukari na mdalasini, funika, pika kwa moto mdogo dakika tano hadi saba. Kisha yamwage kwenye bati la kuokea.

Kwenye bakuli lingine, changanya unga, sukari iliyobaki na chumvi. Tia majarini, sugua kwa ncha za vidole mpaka upate chenga kama za mkate uliosagwa. Usikande! Ukikanda utapata chapati, si pudini. Mwaga chenga juu ya matufaha bila kushindilia.

Mwenye oveni aoke kwa nyuzi 180, dakika 40 hadi 45. Asiye na oveni, karibu kwenye chama chetu. Chukua sufuria kubwa nzito, weka mchanga mkavu au vijiwe vitatu chini, funika, ipashe moto dakika kumi. Ingiza bati, rudisha kifuniko, kisha weka makaa mengi juu ya kifuniko na machache chini. Siri ni hiyo ya juu, kwa kuwa chenga hubadilika rangi kwa joto linalotoka juu. Baada ya saa moja hivi utaona rangi ya dhahabu na shira ikitokota kandokando.

Na tafadhali, fanya haya nje au mahali penye hewa ya kutosha. Moshi usioonekana wa makaa huua watu wakiwa ndani ya nyumba iliyofungwa.

Iache ipoe, ndipo upakue kwenye bakuli.

Hesabu niliyoikwepa

Nilikuwa nikiuza bakuli moja kwa shilingi 100, sita kwa 600. Kichwani nilijua vifaa vinanigharimu 310, kwa hivyo faida ni 290. Safi kabisa! Mbona basi kila wiki nilikuwa sina kitu?

Siku moja nilikaa chini nikapitia taarifa ya malipo yangu kwenye simu, mstari kwa mstari. Hii ndiyo picha niliyoipata kwa bati moja. Bei za kwako zitatofautiana, lakini orodha ni ileile:

- Matufaha: 180
- Unga: 25
- Majarini: 60
- Sukari: 25
- Mdalasini na limau: 20
- Makaa: 60
- Bakuli 6 zenye vifuniko: 120

Jumla ni 490, si 310. Makaa na bakuli sikuwa nimeyahesabu kabisa, kwa sababu nilikuwa nikiyalipia kidogo kidogo, mara themanini, mara mia, kutoka kwa laini ileile ninayonunulia mkate na kutumia marafiki nauli. Bado boda wa kupeleka mzigo, shilingi 100, niliyokuwa nikimlipa mimi. Toa zote na 600 inabaki shilingi 10. Shilingi kumi kwa saa tatu za kazi! Afadhali ningelala.

Meseji iliyonifunza

Kabla sijaifanya hesabu hiyo, nilipata oda kubwa ya kwanza. Bakuli 24 za sherehe huko upande wa Bahati, za kuchukuliwa Jumamosi asubuhi. Sikuwa na mtaji. Mama akanipa shilingi 2,000 alizokuwa ameweka za chama. "Chama ni Jumapili," akaniambia. "Ukiuza Jumamosi jioni niwe nazo."

Nilioka bati nne, kuanzia alasiri mpaka usiku. Asubuhi mteja akapiga simu: bodaboda yuko njiani, na pesa ametuma. Kweli meseji ikaingia, shilingi 2,400, jina lake, tarehe, saa, kila kitu. Nikampa boda mzigo. Hata nikamwongezea bakuli la kuonja.

Jioni nilipotaka kumtumia mama pesa yake, simu ikaniambia salio halitoshi. Nikarudi kwenye ile meseji, sasa kwa macho ya mtu aliyeamka. Ilikuwa imetoka kwa nambari ya kawaida ya simu, si kwa jina la huduma. Salio lililoandikwa lilikuwa elfu kumi na saba na ushei, na mimi kabla ya hapo nilikuwa na shilingi 312. Sikuwa nimesoma mpaka mwisho. Niliona "umepokea" nikafurahi. Simu ya mteja? Hapatikani.

Mama hakunigombeza. Jumapili alivaa kitambaa chake akaenda mkutanoni mikono mitupu, yeye ambaye hajawahi kuchelewesha mchango. Aliporudi alisema tu wamempa mpaka mkutano wa mwezi ujao, na faini ya shilingi 50. Hiyo faini ndiyo iliniuma kuliko zile 2,000.

Nilichobadilisha

Kama na wewe unauza chakula kutoka jikoni kwako, au mitumba, au kuku, chukua haya matano:

1. Thibitisha salio, si meseji. Kabla mzigo haujatoka mlangoni, fungua menyu au programu yako uangalie salio mwenyewe. Inachukua nusu dakika. Mteja mwaminifu atangoja. Anayekuharakisha sana, huyo mwangalie mara mbili.

2. Omba malipo ya awali. Kwa oda ya zaidi ya bakuli sita, mimi huomba nusu kabla ya kununua hata tufaha moja. Pesa ya mteja ndiyo inunue vifaa vya mteja, si pesa ya chama cha mama.

3. Tenganisha pesa. Fungua nambari ya till au laini ya biashara pekee. Kila kinachoingia na kutoka hapo ni cha pudini. Ukitaka mkate, jilipe kwanza kwenye laini yako, ndipo ununue.

4. Soma taarifa ya malipo kila Jumapili. Zile themanini na mia ndogo ndogo ndizo hula biashara. Haba na haba hujaza kibaba, na haba na haba pia hukimaliza.

5. Akipiga mtu akisema amekutumia pesa kimakosa, usimrudishie kwa haraka. Angalia salio kwanza. Kama kweli imeingia, mwambie awasiliane na huduma kwa wateja, nawe upige pia, ili irudishwe kwa utaratibu. Na namba yako ya siri haiulizwi na mfanyakazi yeyote wa kweli, hata akikutaja kwa majina yako matatu.

Bei nayo nikaipandisha hadi shilingi 150, na boda analipwa na mteja. Niliogopa wateja watakimbia. Wawili walikimbia. Waliobaki walitosha, na sasa kila bati likanipa shilingi 410 halisi.

Bati tano, mara 410, ni 2,050. Mchango wa chama pamoja na faini, kamili bila hata shilingi ya ziada. Nilimtumia mama wiki moja kabla ya mkutano. Alikuwa ameketi pale kibandani kwake, amezungukwa na sukuma wiki na nyanya. Simu ikalia. Akavaa miwani, akasoma meseji polepole mpaka neno la mwisho. Halafu, badala ya kunishukuru, akabonyeza tena.

"Unafanya nini, mama?"

"Naangalia salio," akasema. "Si ndivyo ulivyonifunza?"

Wikendi hii jaribu kuoka bati moja. Kula na watu wako. Na jirani akikuuliza unauza pesa ngapi, usimjibu papo hapo. Mwambie utampigia, kisha kaa chini na simu yako na kalamu, uandike kila kitu, hata makaa.